Alama 20 za Sagamoyo

Kuanzia mwaka wa 2018 hadi 2022, dola ya Kenya iliwapa watahiniwa wa KCSE kitabu ambacho ndani yake mkuu wa polisi anaamriwa kuwafyatulia raia risasi, naye anakataa. Kitabu hicho ni Kigogo, tamthilia ya Pauline Kea. Wenye mitaala walikiidhinisha, walimu wakakifundisha, nasi tukakisoma usiku wa prepu tukipiga mistari chini ya kila methali. Hakuna aliyekamatwa kwa kukisoma. Badala yake tulipewa alama 20.

Aprili 2025, dola hiyo hiyo ilirusha vitoa machozi Nakuru, kwenye tamasha la kitaifa la drama, ambako wasichana wa shule ya upili ya Butere walikuwa waigize mchezo uitwao Echoes of War. Huo nao ulihusu vijana na mtawala asiyetaka kuwasikiliza. Mahakama Kuu ilikuwa imeshaamuru waruhusiwe kuuigiza. Mwandishi wake, Cleophas Malala, akakamatwa.

Mbona mchezo mmoja ulipewa alama na mwingine ukapewa moshi?

Jibu la haraka mitandaoni lilikuwa kwamba wakubwa hawasomi. Wangesoma Kigogo wangekipiga marufuku zamani. Jibu hilo linachekesha lakini silikubali. Nimeisoma tena tamthilia hii mwaka huu, mara mbili, bila mwongozo, bila kalamu nyekundu. Naona wakubwa hawakuwa na haja ya kuipiga marufuku kwa sababu mtihani uliifanya kazi hiyo. Naona pia kwamba chini ya ile Kigogo tuliyofanyia mtihani kuna Kigogo nyingine, kali zaidi, ambayo hatukuulizwa swali lake hata moja.

Kwa waliofanya mtihani enzi za Kifo Kisimani au Mstahiki Meya, na kwa wale waliosoma Kigogo lakini imeshatoka kichwani (si unajua vile kukariri hufanya kazi), kisa ni hiki. Sagamoyo inatawaliwa na Majoka. Ni siku za kuelekea sherehe za miaka 60 ya uhuru. Soko la Chapakazi limefungwa. Wachuuzi walitozwa kodi humo huku taka zikirundikana, na sasa uchafu uleule ndio umekuwa sababu ya kuwafungia. Ukweli ni kwamba kigogo anautaka uwanja ajenge hoteli ya kifahari. Tunu na Sudi, wanaharakati wawili, wanadai soko lifunguliwe. Ashua, mke wa Sudi, anatiwa ndani. Tunu anavamiwa na kuumizwa mguu. Watu wanakufa. Siku ya sherehe umati unafurika langoni pa soko, na waliokuja wamekuja kwa ajili ya Tunu, si kwa ajili ya Majoka. Majoka anamwamuru Kingi, mkuu wa polisi, awapige risasi. Kingi anakataa. Pazia.

Sasa kumbuka jinsi tulivyofundishwa kuisoma. “Eleza muktadha wa dondoo hili, alama 4.” “Taja sifa nne za msemaji.” “Jadili maudhui ya uongozi mbaya, alama 20.” Tukapiga jedwali. Majoka: katili, fisadi, mwenye tamaa. Tunu: jasiri, mzalendo, mwenye msimamo thabiti, mtetezi wa haki. Hayo maneno “msimamo thabiti” nadhani nimeyaandika mara nyingi kuliko jina la mamangu.

Kuna kitu hufanyika ukisoma hivyo. Uanaharakati unageuka kuwa sifa ya mtu, kama urefu au weupe wa meno. Tunu anapinga dhuluma kwa sababu ni jasiri. Ni jasiri kwa sababu anapinga dhuluma. Peana alama moja, twende mbele. Hakuna aliyetuuliza Tunu alikula nini siku ile, nani alilipa dawa za mguu wake, wale watu waliofurika langoni waliambiwaje, na nani. Na kama ujasiri ni kitu unachozaliwa nacho, basi sisi tuliobaki, pole yetu, tukae kitako tumsubiri mwenye nacho.

Hiyo ndiyo hila ya mtihani, na sidhani kuna mtu aliyeipanga. Ukimnyima kijana kitabu ataanza kukitafuta. Ukimpa, kisha umwambie atoe hoja kumi zenye mifano, atakifunga siku ya kumaliza karatasi na kukiuza kwa wa kidato cha tatu.

Hebu tuanze upya, kule tamthilia yenyewe inakoanzia. Haianzi na Tunu wala maandamano. Inaanza katika karakana, na mafundi watatu wa kuchonga vinyago: Boza, Kombe na Sudi. Sherehe inakuja na utawala unahitaji kinyago cha shujaa wake. Boza na Kombe wanachonga walichoagizwa. Sudi anachonga kinyago cha mwanamke, shujaa anayemtambua yeye mwenyewe. Kenga, mshauri wa Majoka, anakuja na keki ya uhuru na ahadi za mapato. Wenzake wanakula. Sudi anaiita makombo, na anakataa kazi.

Tuliposoma shuleni, hii ilikuwa “onyesho la utangulizi”. Lilitusaidia kujibu swali la mandhari. Mimi sasa naliona ndilo moyo wa kazi nzima. Fikiria: Majoka ana polisi, ana redio inayomwimba, ana kampuni, ana chatu. Anakosa nini hata amtume mshauri wake mkuu kwenye kibanda cha mchonga vinyago? Anakosa mkono. Hawezi kujichonga mwenyewe. Historia anayotaka watu waiamini lazima itengenezwe na fundi, na fundi huyu mmoja, maskini, mwenye watoto wenye njaa, anasema hapana.

Jina la tamthilia lenyewe limebeba jambo hili. Kigogo ni mkubwa, mwenye cheo, kila mtu anajua. Lakini toa ile heshima, usome neno lilivyo: gogo, kigogo. Ni kipande cha mti uliokatwa. Kwenye karakana ya mchongaji, gogo ni kitu kinachongoja mtu akipe umbo. Sina hakika kama Kea alikusudia hivyo, na wala sihitaji uhakika huo. Kiswahili kimeshasema: kigogo hakisimami chenyewe.

Tena angalia Kea anachofanya baadaye. Angetaka angemwacha Sudi awe shujaa bila gharama. Hakufanya hivyo. Ashua anaenda kwa Majoka kuomba msaada kwa sababu watoto hawana chakula, na anaishia kizuizini. Shabaha ni wazi: mumewe achonge, mke atoke. Sudi anapokwenda kumwona, Ashua hamwambii avumilie kwa ajili ya taifa. Anadai talaka.

Hapo ndipo Kea anapoandika vizuri kuliko pengine pote katika kitabu hiki, na ndipo mwongozo wangu uliandika “ndoa na changamoto zake”. Changamoto! Yule mwanamke anasema kitu ambacho harakati nyingi hazipendi kusikia: msimamo wako, mume wangu, unalipwa na mimi. Sudi anakataa keki, lakini aliyelala njaa nyumbani si Sudi peke yake. Kea anaiacha kauli hiyo itoke bila kumfanya Ashua awe msaliti au mjinga. Mtu aliyechoka ana haki ya kuchoka.

Lakini pia hapa ndipo ninapoanza kugombana na tamthilia. Baada ya kumpa Ashua ukweli mzito namna hiyo, haimpi la kufanya. Ashua amesoma, ana taaluma, ana ulimi. Bado kazi yake kubwa katika mpangilio wa matukio ni kuwa chambo cha kumvuta Sudi. Hata ugomvi wake mkubwa zaidi unakuwa na Husda, mke wa Majoka. Wanawake wawili wanararuana wakati mwenye makosa yuko palepale akiwatazama. Historia yetu wenyewe ilikuwa imetoa mfano bora. Februari 1992, kina mama wa wafungwa wa kisiasa walianza mgomo wa kula Uhuru Park pamoja na Wangari Maathai, pale tunapopaita Freedom Corner hadi leo. Tarehe 3 Machi polisi waliwavamia kwa virungu na vitoa machozi, na baadhi ya kina mama wakavua nguo mbele yao, laana ambayo hakuna kirungu kinachoijibu. Wakahamia All Saints Cathedral, wakaendelea kwa karibu mwaka mzima, mpaka karibu wafungwa wote wakaachiliwa. Wale walikuwa kina Ashua. Walioachwa nyumbani ndio waliokuwa harakati yenyewe. Sagamoyo haina Freedom Corner, na hilo ni pengo.

Pengo hilo lina ndugu yake. Nani hasa wanaompinga Majoka? Tunawaona Tunu na Sudi. Tunamwona Siti akija na habari, tunawaona wachache wengine. Kisha, mwishoni, umati. Umati huo unaingia kwa maelekezo ya jukwaani, kwenye mabano, kama mvua. Tunaambiwa wapo. Hatukuwaona wakikutana, wakibishana, wakichanga, wakiogopa, wakirudi nyumbani, wakirudi tena. Kwa mwandishi wa tamthilia hili ni tatizo la kawaida, maana jukwaa ni dogo na waigizaji wanahitaji nauli. Ila kwa msomaji wa Kenya limezaa imani mbaya: kwamba ukisema ukweli kwa sauti ya kutosha, watu watakuja tu.

Juni 2024 ilituonyesha kwamba watu hawaji tu. Tusidanganyane na ile hadithi kwamba Gen Z waliamka asubuhi moja wakajikuta Tao. Kabla ya barabara kulikuwa na kazi nyingi ya kuchosha. Mswada wa Fedha wa 2024 uliandikwa kwa lugha ya wahasibu. Watu wakaukalia, wakaufasiri, wakaueleza kwa Kiswahili, kwa Sheng na kwa lugha za mama, video baada ya video. Namba za simu za wabunge zikasambazwa. Mawakili wakakesha kwenye vituo vya polisi wakiuliza waliokamatwa wako wapi. Madaktari wakajitolea. Pesa za hospitali na za mazishi zikachangwa kwa simu, shilingi 50, shilingi 100. Ukitaka kujua harakati ilikuwa wapi, ilikuwa hapo, kwenye kazi ndogondogo zisizo na picha nzuri.

Na kulikuwa na keki. Mswada ulitaka mkate utozwe VAT ya 16%. Tarehe 18 Juni, siku maandamano yalipoanza Nairobi, serikali ikatangaza kuiondoa kodi ya mkate na nyingine kadhaa. Shika, kuleni. Jibu la barabarani lilikuwa kwamba mswada mzima unakataliwa, haurekebishwi. Ukiwa umesoma Kigogo bila mwongozo ungeitambua sauti hiyo papo hapo. Ni Sudi karakanani, akimwambia Kenga kwamba haya ni makombo.

Wengi waliokuwa barabarani wiki ile walikuwa wa rika la setibuku hii, waliofanya KCSE kati ya 2018 na 2022. Sisemi Kigogo iliwatoa nyumbani. Njaa ya kazi na hasira ya kodi zilitosha. Wala sipendi ule usomaji unaosema Kea alitabiri. Ati miaka 60 ya uhuru Sagamoyo, na Kenya ikatimiza miaka 60 Desemba 2023, miezi sita tu kabla ya Juni. Ati Majoka anatishia vituo vinavyopeperusha maandamano, na tarehe 25 Juni 2025 mamlaka ya mawasiliano ikaamuru vituo viache kuonyesha maandamano moja kwa moja, na mitambo ya baadhi yao ikazimwa hadi mahakama ilipoingilia. Inashangaza, kweli. Lakini mwandishi wa 2016 hakuhitaji kuwa nabii. Alihitaji kukumbuka. Redio inayomsifu rais kila saa, ardhi ya umma inayomezwa, mshauri anayenong'ona sikioni: hayo tulishayaishi kabla wengi wetu hatujazaliwa. Tukimwita nabii tunamnyang'anya sifa yake halisi, ambayo ni kumbukumbu nzuri.

Sasa nifike kwa Kingi, maana nimemzunguka muda mrefu.

Tarehe 25 Juni 2024, kwenye malango ya Bunge, risasi zilipigwa. Hakukuwa na Kingi. Kufikia tarehe 1 Julai, Tume ya Kitaifa ya Haki za Kibinadamu ilikuwa imehesabu watu 39 waliouawa kote nchini na 361 waliojeruhiwa. Mswada ukaondolewa tarehe 26. Kisha yakaja magari yasiyo na namba. Mwisho wa mwaka tume hiyohiyo ilikuwa imehesabu visa 82 vya watu kutekwa tangu Juni. Ukitoka hapo ukarudi kwenye ukurasa wa mwisho wa Kigogo, unahisi kama umedanganywa. Nimesikia rafiki zangu wakisema hivyo waziwazi: tulifundishwa kwamba karao ataweka bunduki chini. Hakuweka.

Kithaka wa Mberia, miaka 15 kabla ya Kea, alitoa jibu jingine. Katika Kifo Kisimani, kilichotoka 2001 na ambacho nacho kiliwahi kuwa kitabu cha lazima shuleni, mwanaharakati Mwelusi hauawi na polisi wala mtemi kwa mkono wake. Anauawa na Gegita, nduguye wa tumbo moja, aliyenunuliwa kwa ahadi. Yaani kwa Kithaka mkono wa dola unaingia hadi chumbani mwenu. Kwa Kea mkono wa dola unaweza kukutoka. Nikiwa na hasira humwamini Kithaka. Watu wengi niwajuao wanamwamini Kithaka.

Hata hivyo sitaki kumtupa Kingi, na sababu yangu iko kwenye karakana. Tazama umbo la tamthilia. Mwanzoni, fundi mwenye patasi anaagizwa kuchonga, anakataa. Mwishoni, askari mwenye bunduki anaagizwa kufyatua, anakataa. Ni tendo lilelile. Mkono unaombwa kufanya kazi ambayo kigogo hawezi kuifanya mwenyewe, na mkono unabaki kando. Tulipoandika kwamba maudhui ya Kigogo ni “ushujaa wa Tunu” tuliruka nguzo mbili zinazoshikilia paa. Tunu yuko katikati, anapiga kelele zinazohitajika, lakini utawala wa Majoka hauanguki kwa sababu Tunu ni jasiri. Unaanguka kwa sababu mikono imepungua.

Kwa hiyo kosa la Kea si kuamini kwamba Kingi anaweza kukataa. Kosa ni kutotuonyesha njia aliyopitia. Sudi tunajua kwa nini anakataa. Tumeona keki, tumeona njaa yake, tumesikia mkewe. Kingi tunamkuta mwishoni akiwa tayari amebadilika. Je, mkewe huuza mboga Chapakazi? Kuna mtu aliwahi kumwamkia kwa jina lake badala ya cheo chake? Alikula wapi jana? Bila hayo, kukataa kwake kunashuka kama zawadi, nasi tukajifunza kuingoja zawadi. Mtu aliyesoma hivyo akienda langoni na kukuta hakuna Kingi, hana pa kuanzia tena.

Kenya imewahi kuwa na Kingi wake, wadogo, wasio na nyota mabegani. Mwaka wa 1968 kijana wa Mombasa aitwaye Abdilatif Abdalla aliandika kijikaratasi kilichouliza Kenya: Twendapi? Kwa swali hilo alifungwa miaka mitatu, kuanzia 1969 hadi 1972, sehemu kubwa akiwa peke yake. Mashairi aliyotunga humo aliyaandika kwenye karatasi za chooni, na yakatoka nje kwa msaada wa askari jela aliyemwonea huruma. Yakachapishwa mwaka wa 1973 kwa jina la Sauti ya Dhiki, na mwaka uliofuata yakashinda tuzo ya fasihi iliyobeba jina la Jomo Kenyatta, rais ambaye serikali yake ndiyo iliyomfunga. Watu hupenda kuisimulia kwa ajili ya ile kejeli ya tuzo. Mimi namfikiria askari. Hakuweka bunduki chini mbele ya umati, hakuna aliyempigia makofi. Aliombwa tu afunge mlango na asione kitu, naye akaona. Tena hakuangukiwa na utu huo kutoka mbinguni. Alikuwa akimlinda mtu yuleyule siku baada ya siku, na bila shaka walizungumza. Hiyo ndiyo sehemu ambayo Kigogo iliiacha nje.

Nirudi basi kwenye swali la alama na moshi. Mwaka wa 1977, wakulima na wafanyakazi wa Kamĩrĩĩthũ, Limuru, waliigiza Ngaahika Ndeenda ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ. Riwaya ya Ngũgĩ iliyotoka mwaka uleule, Petals of Blood, iliwachambua wenye nguvu bila huruma, tena ilizinduliwa rasmi mbele ya waziri. Haikumpeleka jela. Mchezo ndio uliofutiwa kibali Novemba, na mwisho wa Desemba Ngũgĩ akakamatwa. Riwaya ilikuwa ya Kiingereza, ya kusomwa peke yako. Mchezo ulikuwa wa Kikuyu, na watu wa kijiji walikuwa wameukalia miezi kadhaa wakisahihisha maneno, wakijenga jukwaa kwa mikono yao. Walikuwa wamejifunza kufanya kitu pamoja. Mwaka wa 1982 jukwaa lenyewe likabomolewa.

Wasichana wa Butere walikuwa kwenye mstari huohuo. Hatari yao haikuwa maneno ya Echoes of War, maana maneno makali kama hayo yamo katika vitabu vilivyojaa makabati ya shule. Hatari ilikuwa miili: wasichana wamefanya mazoezi, wanajua nani anaingia baada ya nani, wanategemeana. Mtahiniwa anakaa peke yake kwenye dawati lake, na kumwangalia jirani ni udanganyifu. Mwigizaji asipomwangalia jirani mchezo unaharibika. Dola inaijua tofauti hiyo kuliko wahakiki wengi.

Na walifanya nini tarehe 10 Aprili, walipoingizwa ukumbini bila hadhira na bila mwelekezi wao? Waliimba wimbo wa taifa, wakaondoka jukwaani. Hawakuigiza. Waliombwa watoe onyesho ili ionekane kwamba mambo yako sawa, kwamba amri ya mahakama imetimizwa, kwamba tamasha linaendelea. Walichoombwa kilikuwa kinyago. Wakakataa kukichonga.

Sijui kama yupo kati yao aliyewahi kusoma Kigogo. Setibuku zilishabadilika. Lakini sijaona uhakiki bora wa tamthilia hiyo kuliko dakika zile chache pale Nakuru, na mtahini hangejua pa kuweka alama.

Kama nakala yako bado ipo, iliyojaa wino na majina ya walioimiliki kabla yako, itoe. Ruka jedwali la sifa za wahusika. Soma ukiandika pembeni jambo moja tu: kila mahali Majoka anapohitaji mtu mwingine amfanyie kazi. Kuchonga. Kutangaza redioni. Kuuza pombe haramu kwa kibali chake. Kufungua seli. Kula keki mbele ya watu. Kufyatua. Mimi orodha yangu ilijaa ukurasa. Ukimaliza ya Sagamoyo, anza ya hapa, na uitazame kwa makini kazi unayolipwa kuifanya kila mwisho wa mwezi.